Jiwe la Nélida

Alilihifadhi kwenye friza ya bucha,
kati ya figo na utumbo,
ndani ya mfuko wa mkate uliofungwa kwa uzi wa soseji,
na juu yake karatasi: SI LA KUUZWA.

Nilikuwa nimeendesha kilomita mia mbili na kumi kutoka mjini Córdoba,
deli la barafu kavu likifuka moshi pembeni yangu,
nikapita mahindi yaliyobaki vijiti,
kama yaliyochunwa na mtu mwenye hasira.

"Tulipime kwanza," akasema Nélida Baigorria,
akaliweka kwenye mizani ya nyama.
Gramu mia tatu themanini na nne.
"Pamoja na mfuko," nikasema.
"Mfuko nimeshautoa," akajibu,
kama niliyemwita mwizi.

Jioni ile, anasimulia, mbingu iligeuka kijani,
kijani cha nyongo.
Upepo wa kaskazini ukakata ghafla.
Mbwa akaingia chini ya meza, akagoma kutoka.
Likaja la kwanza, peke yake, katikati ya ua,
puu!
Kimya.
Kisha yote.
Kuku kumi na tisa. Paa la kanisa.
Kioo cha gari la Evaristo, kaka yake,
na bega la Evaristo, aliyetoka mbio kukiokoa kioo.

Nikawasha waya. Waya wa moto hukata barafu bila kelele.
Nusu mbili zikalala juu ya gogo la nyama
kama kitunguu:
pete nyeupe, pete angavu, nyeupe, angavu.
Penye rangi ya maziwa, nikamwambia,
maji yaliganda papo hapo, hewa ikafungiwa ndani.
Penye kioo maji yalikuwa mengi,
yakatandaa kwanza, yakachelewa kuganda,
hewa ikapata mlango ikatoka.

"Basi lilipanda likashuka, likapanda likashuka,"
mkono wake ukienda kama wa mtu avutaye ndoo kisimani.
Ndivyo nilivyofundishwa hata mimi.
Lakini muda mwingi lilielea tu.
Hewa ilikuwa ikipanda, mita arobaini kila sekunde,
ikalibeba likavuka wingu
kama mtu anayekatiza soko:
hapa anapigwa baridi, pale analowa,
kila mahali anaondoka na kitu.
Na yale maji huko juu yalikuwa chini ya sifuri,
nyuzi kumi, nyuzi ishirini chini, na bado ni maji;
yalikosa tu pa kushika.
Jiwe likawa ndipo.

"Na hapa katikati?"
Palikuwa na nukta, ndogo kuliko mbegu ya pilipili.
Sijui, nikasema. Labda vumbi. Labda chavua.
Maabara itajaribu.
Akanitazama
kama mteja aliyepunjwa kwa kuwekewa mifupa.

"Lilichukua muda gani kukua?"
Dakika kumi. Labda kumi na tano.
"Na kuanguka?"
Nikapiga hesabu nyuma ya bahasha.
Kama dakika mbili.
"Dakika mbili," akasema.
Akafuta kisu ambacho hakikuwa kichafu.
"Nilikuwa naanua mashuka.
Nilishaingia ndani.
Nikarudi kufuata vibanio."

Nusu moja nikaipakia delini.
Ya pili akaipima tena, bila mfuko,
na gramu zilizopotea kwenye waya hazikumpendeza.
Akaandika uzito mpya juu ya karatasi ileile,
akairudisha kati ya figo na utumbo.

Nje, Evaristo alikuwa akipigilia bati kwa mkono mmoja,
misumari ameishika kwa meno,
na kutoka kaskazini upepo ulikuwa umeanza tena,
wa vuguvugu, wenye unyevu,
ukinukia misitu
ambayo hapa hakuna aliyewahi kuiona.